Tabibu wa Saratani Katika Kiti cha Chuo Kikuu

Hapa Mshangano, mjini Songea, nataka tumzungumzie leo Profesa Charles Olweny wa Uganda, ambaye sehemu kubwa ya umri wake aliitumia katika kuwatibu na kuwachunguza wenye maradhi ya saratani, kisha, mwaka 2006, akakabidhiwa Chuo Kikuu cha Mashahidi wa Uganda, kilichoko Nkozi katika barabara iendayo Masaka, akakiongoza akiwa Makamu Mkuu wa Chuo hadi mwaka 2014. Wako wasemao kwamba mtaalamu akishapewa ofisi na muhuri, ilimu yake imekwisha kuzikwa. Mimi siafikiani nao, na hoja yangu naiegemeza juu ya mambo aliyoyafanya mtu huyu kabla hajakikalia kiti hicho.

Habari yenyewe ina mizizi katika hospitali ya Mulago, Kampala. Mwaka 1957 daktari wa upasuaji Denis Burkitt alionyeshwa hapo mtoto ambaye taya zake zilikuwa zimevimba pande zote mbili, na meno yamelegea katika fizi kiasi cha kung'oka kwa kidole. Na haukupita muda akamwona wa pili mwenye dalili zile zile. Aliandika habari zao mwaka 1958, na mwaka 1961, pamoja na matabibu wenziwe wawili, akatoka Uganda kwa gari, akapita Tanganyika kuelekea kusini, akisaili hospitali kwa hospitali nani amepata kuuona ugonjwa ule na nani hajauona. Ikabainika kwamba saratani ile hufuata nchi zenye joto na mvua, ambako malaria haikauki mwaka mzima. Na mkoa wetu wa Ruvuma umo ndani ya ukanda huo. Mwaka 1964, vipande vya uvimbe vilivyopelekwa London kutoka Uganda vikawawezesha wataalamu wa huko kukiona kirusi ambacho hakikuwa kimejulikana. Kilichowastaajabisha matabibu zaidi ya yote ni kwamba dawa ziliuyeyusha uvimbe ule kwa muda wa siku chache, na kwa ajili hiyo, mwaka 1967, ikafunguliwa Mulago taasisi ya kutibu saratani kwa ushirikiano wa Chuo Kikuu cha Makerere na Taasisi ya Taifa ya Saratani ya Marekani, ikisimamiwa na Mmarekani John Ziegler.

Kisha zikaja siku za utawala wa Idi Amin. Mwaka 1972, wageni walipokuwa wakifungasha mizigo yao, Ziegler naye akiwa miongoni mwao, taasisi ile ikabaki mikononi mwa Waganda wenyewe, na aliyeshika usukani wake ni Olweny, tabibu kijana aliyesomea udaktari Makerere. Aliushika hadi mwaka 1982, katika miaka ambayo dawa ziliadimika, watu walipotea, na msomi yeyote mwenye nauli alikuwa na sababu ya kuondoka.

Nawaomba mtazame kwa makini jambo moja alilolifanya katika dhiki ile. Iko saratani ya tezi iitwayo Hodgkin, ambayo huwapata hata watoto, na ambayo siku zile Ulaya na Marekani aghalabu ilitibiwa kwa mionzi. Mulago haikuwa na mashine ya mionzi; Uganda haikuipata hadi mwaka 1995. Olweny na wenziwe wakawatibu watoto kwa dawa peke yake, wakawaandika kila mmoja kwa hali yake, na mwaka 1978 wakachapisha matokeo ya miaka kumi: wengi wa watoto wale walikuwa hai. Nchi tajiri, ambako mionzi ilikuwa ikizuia mifupa ya watoto isikue sawasawa, zikawa nazo zinatafuta namna ya kuipunguza au kuiacha. Kwa hiyo kazi iliyotokana na ukosefu wa mashine ikageuka kuwa hoja iliyosomwa ulimwenguni.

Walakini, wala si ushindi huo unaonivutia zaidi, bali ni ule uaminifu wa hesabu. Mwaka 1975 alichapisha habari ya dawa ya adriamycin kwa wagonjwa 14 wa saratani ya ini, na 11 katika hao wakaonekana kupata nafuu. Watafiti wa nchi nyingine waliporudia jaribio hilo hawakupata nafuu kubwa kiasi hicho, na hesabu ya Kampala, kwa kuwa ilikuwa wazi, ikaweza kupimwa na kusahihishwa. Kadhalika watumishi wa taasisi ile waliwafuata wagonjwa hata vijijini mwao, kwa maana mgonjwa asiyerudi kliniki huenda amepona, huenda amekufa, na mtafiti asiyekwenda kumuulizia hana haki ya kumtia katika hesabu yoyote.

Hiyo, kwa rai yangu, ndiyo shule ya mkuu wa chuo. Mtu aliyezoea kumtafuta mgonjwa asiyerejea atamuuliza msajili wake wako wapi wanafunzi waliokosa ada wakatoweka baada ya muhula wa kwanza. Wala hataridhika na idadi ya waliovaa majoho siku ya mahafali.

Baada ya kutoka Uganda, Olweny alifanya kazi ughaibuni, ikiwamo Winnipeg, Kanada, kisha akarejea nyumbani na kukubali kukiongoza chuo kilichoanzishwa na maaskofu Wakatoliki mwaka 1993. Katika zama zake, mwaka 2010, chuo hicho kilianzisha huko Nsambya shule ya kuwasomesha madaktari ubingwa, iliyopewa jina la Mama Kevin, yule mtawa wa Ireland aliyeingia Uganda mwaka 1903. Hapa Tanzania tunaye wa kumlinganisha na Olweny: Profesa Ephata Kaaya, mtaalamu wa patholojia aliyeichunguza saratani ya Kaposi, na ambaye naye alipata kuwa Makamu Mkuu wa Chuo Kikuu cha Muhimbili.

Kwetu hapa mambo haya si ya mbali. Jirani akiambiwa ana saratani, mara nyingi huuza mahindi ya akiba, akapanda basi alfajiri, akapita Njombe, Makambako na Iringa hadi Dar es Salaam, kwenye Taasisi ya Ocean Road, safari ya zaidi ya kilomita 900, na wengi huondoka wakati maradhi yamekwisha kukomaa. Mabingwa wa kuipunguza safari hiyo hawatapatikana ila vyuoni, na vyuo vitawatoa pale vitakapoongozwa na watu waliowahi kukaa kando ya vitanda vya wagonjwa.

Basi nawasihi walimu wa sayansi wa Mshangano wawasimulie wanafunzi habari za Olweny kwa jina. Nanyi wazazi, mkiona taya la mtoto linavimba na meno yake yanalegea, msipeleke shauri kwa mng'oa meno wa mtaani wala msingoje mavuno: mpelekeni hospitali siku hiyo hiyo, kwa kuwa ugonjwa huo hukua kwa siku, si kwa miezi, na dawa yake ipo.