Ng'ombe ku kamba ndefu



Nimeombwa kusema juu ya ng'ombe wetu wawili wa kulimisha. Wenye walikaa Zambia walishaona, ku upande wa kusini kule, ng'ombe anavuta jembe bila kelele. Hapa Likasi hatujazoea, na batoto wetu wanaanza na fimbo. Fimbo inamutembeza ng'ombe, ni kweli. Inamufundisha pia kukimbia mutu. Siku atakimbia na jembe nyuma yake, njo mutu atavunjika mguu, na feza za mutaji zitaenda ku hospitali.

Watu wa farasi wako na njia yao: kamba ndefu, mufundishaji anasimama katikati, nyama anazunguka. Tuitumie. Akisonga hatua moja tu, sema neno moja, lile lile kila siku, kama "muzuri!", na hapo hapo umupe pumba kidogo mu mukono. Hapo hapo! Ukichelewa mpaka ameinama kula majani, umemulipa kwa kula majani.

Kule Morogoro, Tanzania, shirika APOPO linafundisha panya wakubwa kunusa mabomu yaliyozikwa. Panya anasikia mulio mufupi, anajua chakula kinakuja. Mumoja wao, Magawa, alionyesha mabomu 71 ya ardhini kule Kambodia, na mu 2020 alipewa medali ya zahabu ya Uingereza. Panya! Sasa ng'ombe atashindwa nini?

Dakika 10 ao 15 zinatosha, kisha geuza upande, maana kuzunguka upande mumoja tu kunachosha miguu. Akikataa, usivutane naye, mutashindana nguvu na wewe utashindwa. Rudi ku kile alishajua. Akikusukuma akitafuta pumba, funga mukono, umupe tu wakati kichwa chake kinaangalia mbele.

Mama mumoja aliuliza: tutalisha pumba mpaka lini? Kidogo kidogo unapunguza: kila hatua, kisha kila muzunguko, kisha mara moja moja, bila yeye kujua ni lini. Na usimwage nyingi, tumbo la ng'ombe halipendi pumba nyingi kwa mara moja.

Siku ya posho tutaanza na yule mwekundu, asubuhi mapema, mbele ya jua kali. Wa pili tutamufunga karibu, aangalie kwanza. Pumba tulishapata. Kinachobaki ni kamba: mwenye iko nayo ya metre sita ao saba, isiyoteleza, ailete.