Hotuba ya Katibu: Zamu za Usiku



Leo tunasema habari ya ulinzi. Sungusungu ilianza miaka ya 1980 kwa wenzetu wa Shinyanga na Tabora, walipochoka kuibiwa ng'ombe. Filimbi ikilia kijiji kimoja, wa kijiji cha jirani wanaziba njia. Mwaka 1989 sheria ikawapa uwezo wa kukamata. Kukamata, siyo kupiga.

Sasa sisi, juzi filimbi imelia ghalani, tumetoka watu wanne tu! Wengine mlijifunika mablanketi, tunawajua. Na kijana wa watu tukampiga kabla ya kumwuliza. Kumbe alikuwa anakimbia kumwita mkunga. Tumekwenda kwao kuomba radhi, viongozi mbele.

Jumamosi zamu ni ya nyumba kumi za mtoni. Njooni na tochi. Akikamatwa mtu, aletwe ofisini akiwa mzima.