Mazungumzo Baada ya Habari: Bomu la Anga za Juu Halichagui Adui



Tarehe 24 Aprili mwaka 2024, Baraza la Usalama la Umoja wa Mataifa lilipigia kura azimio lililotayarishwa na Marekani na Japani. Azimio hilo liliyataka mataifa yote yasiunde silaha za nyuklia kwa ajili ya kuziweka katika anga za juu. Wajumbe 13 kati ya 15 waliliunga mkono, wakiwemo wa nchi zote tatu za Afrika zilizokuwa barazani wakati huo, yaani Algeria, Msumbiji na Sierra Leone. China haikuwa upande wowote. Urusi ililipinga, na kwa kuwa Urusi ina kura ya turufu, azimio likaanguka.

Huenda wako miongoni mwetu watakaouliza: jambo hili latuhusu nini sisi, ambao hatuna bomu wala hatuna nia ya kuwa nalo? Jibu la swali hilo limo katika historia, na yafaa tuikumbuke.

Usiku wa tarehe 8 Julai mwaka 1962, yapata saa 5 kwa saa za visiwa vya Hawaii, Marekani ililipua bomu la nyuklia umbali wa kilomita 400 juu ya kisiwa kidogo cha Johnston, katika Bahari ya Pasifiki. Jaribio hilo liliitwa Starfish Prime. Bomu lenyewe lilikuwa na nguvu sawa na tani 1,400,000 za baruti kali, takriban mara 90 ya lile lililoteketeza Hiroshima mwaka 1945. Wakazi wa Honolulu, walio mbali na hapo kwa kiasi cha kilomita 1,400, walikuwa wamearifiwa, na wengine walipanda juu ya mahoteli kutazama kana kwamba ni tamasha. Anga iligeuka rangi, ikawa nyekundu kama damu.

Lakini halikuwa tamasha. Papo hapo taa za barabarani zipatazo 300 zilizimika huko Honolulu, na ving'ora vya kuzuia wezi vikalia bila ya mwizi. Tafadhali pimeni umbali huo: ni mrefu kuliko safari ya ndege kutoka Mombasa hadi Bujumbura. Bomu linalipuka mahali pamoja, na taa zinazimika mahali pengine kabisa.

Wasikilizaji, sababu yake ni hii. Huko juu hakuna hewa, kwa hiyo hakuna kishindo wala dharuba ya kubomoa majumba. Nguvu ya bomu hutoka kwa namna ya miale. Miale hiyo ikiteremka na kuigonga hewa inayoizunguka dunia, hung'oa kutoka humo chembe ndogo mno za umeme ziitwazo elektroni. Nguvu ya sumaku ya dunia huzipinda chembe hizo katika mwendo wao, na hapo huzaliwa pigo kali la umeme, ambalo huenea kwa kufumba na kufumbua juu ya nchi kubwa sana. Kila waya mrefu huwa kama mtego wa kulinasa pigo hilo.

Umoja wa Kisovyeti nao ulijionea hayo. Tarehe 22 Oktoba mwaka 1962, siku ile ile Rais Kennedy alipoutangazia ulimwengu kwamba Marekani inaizingira Cuba baharini, Wasovyeti walilipua bomu juu ya Kazakhstan, umbali wa kilomita 290 kutoka ardhini. Fyuzi za simu ziliungua katika njia yenye urefu wa zaidi ya kilomita 500. Hao walikuwa raia wao wenyewe, katika ardhi yao wenyewe.

Madhara ya pili yalikuwa ya kimya zaidi, na yalidumu zaidi. Elektroni nyingi za lile bomu la Marekani zilinaswa na sumaku ya dunia, zikabaki zikiizunguka dunia kama mkanda, baadhi yao kwa miaka. Kila satelaiti iliyopita katika mkanda huo iliumia. Satelaiti zisizopungua sita ziliharibika katika miezi iliyofuata. Mojawapo ni Ariel 1, satelaiti ya kwanza ya Uingereza, iliyokuwa imerushwa na roketi ya Marekani mwezi Aprili mwaka huo huo. Nyingine ni Telstar, fahari ya Wamarekani wenyewe, ambayo ilipaa siku moja tu baada ya mlipuko na kuonyesha kwa mara ya kwanza picha za televisheni moja kwa moja kuvuka Bahari ya Atlantiki. Kufikia Februari mwaka 1963 Telstar ilikuwa imenyamaza.

Wahenga walisema kwamba mchimba kisima huingia mwenyewe. Marekani haikuwa na nia ya kumdhuru rafiki yake Uingereza, wala haikuwa na nia ya kujidhuru yenyewe. Lakini bomu la anga za juu halichagui adui wala rafiki.

Ni dhahiri kwamba majaribio hayo yaliwafunza wakubwa hao somo. Mwezi Agosti mwaka 1963, Marekani, Umoja wa Kisovyeti na Uingereza zilitia saini mjini Moscow mkataba wa kupiga marufuku milipuko ya nyuklia hewani, katika anga za juu na chini ya maji. Mwaka 1967 ukafuata mkataba mwingine, unaokataza kuweka silaha za nyuklia katika njia za kuizunguka dunia. Mikataba hiyo ndiyo ngao yetu hadi leo.

Afrika ina haki ya kuizungumzia ngao hiyo. Mwaka 1958, wakati sehemu kubwa ya bara letu ilikuwa bado chini ya wakoloni, Marekani ililipua kwa siri mabomu matatu ya nyuklia juu sana ya Bahari ya Atlantiki ya Kusini, upande wa kusini-magharibi ya Rasi ya Tumaini Jema. Ulimwengu ulipata habari mwaka uliofuata, kupitia magazetini. Hakuna Mwafrika aliyeulizwa.

Hali ya leo si ile ya mwaka 1962. Wakati ule satelaiti zilizokuwa zikifanya kazi zilikuwa za kuhesabika kwa urahisi. Sasa zimepita 10,000. Kwa hizo hutabiriwa mvua anayoingojea mkulima, na kwa hizo nahodha huijua njia yake. Nchi za eneo letu nazo zimeingia katika kazi hiyo: Kenya ilipata satelaiti yake ya kwanza mwaka 2018, Rwanda mwaka 2019, na Uganda mwaka 2022. Ni vyombo vidogo, lakini vimegharimu fedha za wananchi na jasho la vijana wetu waliosomea ufundi huo. Mlipuko mmoja tu ungeweza kuviangamiza vyombo vya namna hiyo pamoja na vya matajiri.

Mwezi Februari mwaka 2024 Marekani ilidai kwamba Urusi inaunda silaha mpya ya kushambulia satelaiti. Rais Putin alikana kwamba nchi yake inataka kuweka silaha za nyuklia huko juu. Katika Baraza la Usalama, Urusi ilisema kwamba azimio lilikuwa finyu, na kwamba silaha za kila aina hazina budi kupigwa marufuku katika anga za juu. Hoja hiyo si ya kupuuzwa. Dunia ingefurahi kuona anga isiyo na silaha yoyote. Lakini mtu anayetaka nyumba nzima ifagiliwe hana sababu ya kuzuia chumba kimoja kisianze kufagiliwa.

Wasikilizaji, kuna msemo usemao kwamba wapiganapo tembo wawili, ziumiazo ni nyasi. Katika vita vya anga za juu, nyasi zitaumia na tembo pia watapofuka. Kwa hiyo nchi ndogo zinapopiga kura dhidi ya silaha hizo haziingilii ugomvi wa wakubwa. Zinalinda mali yao, na ziendelee kufanya hivyo bila ya woga, kila panapoitishwa kura.