Nyuzi 45: Jibu na Masharti Yake



Muulize mwanafunzi yeyote wa fizikia: kitu kirushwe kwa pembe gani ili kifike mbali zaidi? Atajibu bila kusita: nyuzi 45. Jibu hilo ni sahihi. Jioni ya leo nataka kuyatetea masharti yake, ambayo mara nyingi tunayaacha njiani tunapolifundisha.

Mwaka 1537 Niccolò Tartaglia, mwanahisabati wa Italia, alichapisha kitabu kuhusu mizinga akisema kwamba nyuzi 45 ndizo zinazofikisha kombora mbali zaidi. Alipatia, ingawa njia ya kombora hakuichora sawasawa. Kazi hiyo ilimsubiri Galileo. Akiwa Padova, mnamo 1608, aliviringisha gololi kwenye mteremko, akaziacha ziruke kutoka ukingoni mwa meza, akapima zilipoangukia. Katika kitabu chake cha mwaka 1638 alieleza kwamba hapo kuna miendo miwili inayokwenda pamoja bila kuingiliana: wa mlalo, ambao kasi yake haibadiliki, na wa wima, unaotawaliwa na graviti. Ikiungana, huchora parabola.

Tazama kinachofuata. Kitu kikirushwa kutoka ardhini kwa kasi ya mita 30 kwa sekunde, kwa nyuzi 45 kitatua umbali wa mita 92 hivi. Kwa nyuzi 30 kitatua kwenye mita 80 hivi, na kwa nyuzi 60, palepale. Cha nyuzi 60 kitapanda mita 34 na kukaa angani zaidi ya sekunde 5. Cha nyuzi 30 hakifiki hata mita 12, na baada ya sekunde 3 hivi kimeshatua. Kimoja kina muda, kingine kina kasi ya kwenda mbele. Kwenye nyuzi 45, zao la viwili hivyo huwa kubwa kuliko popote.

Sasa twende uwanjani. Warusha tufe wanaume wa kiwango cha dunia huliachia tufe lao la kilo 7.26 kwa nyuzi 37 hivi. Kwa nini?

Sharti la kwanza limevunjika: tufe halianzii ardhini. Likiachiwa mita 2.1 juu ya ardhi kwa mita 14 kwa sekunde, pembe bora hushuka hadi nyuzi 42, na tufe hufika mita 22.0. Sharti la pili ni zito zaidi. Hesabu yetu ilichukulia kwamba kasi ni ileile kwa kila pembe, lakini anayesukuma kuelekea juu hupambana na uzito wa tufe, na mkono wake una nguvu zaidi unaposukuma mbele. Akishusha pembe hadi nyuzi 37 bila kuongeza kasi, atapoteza sentimita 30 hivi. Akipata nyongeza ya mita 0.2 tu kwa sekunde, tufe litapita mita 22.2. Kasi huingia kwenye hesabu ikiwa imezidishwa kwa yenyewe, ndiyo maana nyongeza ndogo hulipa sana.

Mkuki unavunja sharti la tatu, la hewa. Mwaka 1984 Uwe Hohn wa Ujerumani Mashariki alirusha mita 104.80, na viwanja vikaanza kuwa vidogo. Mwaka 1986 kitovu cha uzito cha mkuki wa wanaume kikasogezwa mbele, ili ncha ishuke mapema. Uzito haukubadilika, wala graviti. Kilichobadilika ni namna hewa inavyoubeba. Kwa mkuki huo mpya, Julius Yego wa Kenya alirusha mita 92.72 mjini Beijing mwaka 2015 na kuwa bingwa wa dunia.

Walimu wenzangu, tufe, futi kamba na simu yenye kamera vinatosha kwa somo zima. Mwanafunzi arushe, apime pembe kwenye video, alinganishe na fomula, kisha aeleze tofauti imetoka wapi. Na katika mtihani, tusimpe alama zote aliyeandika nyuzi 45 pekee. Alama ya mwisho tumwekee atakayeongeza: ikiwa kitu kimeanzia na kutua usawa mmoja, ikiwa kasi haitegemei pembe, na ikiwa ukinzani wa hewa ni mdogo mno. Huyo ndiye tutakayeweza kumkabidhi daraja, bwawa au ndege.