Minyoo Fundo: Tuitazame Mizizi Kabla ya Kununua Dawa

(Matini ya mazungumzo kwa walaji na wenye bustani za nyumbani)



Leo tunazungumzia adui ambaye wengi wetu tumemlisha bila kumjua. Mnyanya hunyauka mchana ilhali ulimwagiliwa asubuhi. Majani hupauka, matunda hubaki madogo. Mwenye bustani hununua mbolea, kisha dawa ya majani, na mmea haupati nafuu. Fedha imekwenda, na chanzo cha ugonjwa bado kimo udongoni.

Chanzo hicho aghalabu ni minyoo fundo, ambao wataalamu huwaita Meloidogyne. Mnyoo mchanga aliyetoka kwenye yai hafiki kwa kawaida urefu wa milimita moja, hivyo jicho halimwoni. Huingia karibu na ncha ya mzizi, akatulia humo na kuufanya mzizi uvimbe na kumlisha. Jike hutaga mamia ya mayai, na katika udongo wenye joto kizazi kizima hukamilika kwa takriban mwezi mmoja. Mzizi uliojaa mafundo hushindwa kupitisha maji na chakula. Nyanya, bilinganya, bamia, matango, matikiti na karoti zote hushambuliwa.

Swali la kwanza linalomhusu kila mlaji ni hili: je, karoti yenye vinundu ina madhara kwa anayeila? Jibu ni hapana. Minyoo hawa huishi kwa kunyonya mimea. Si wale wa tumboni, na hawamwambukizi binadamu. Karoti ya namna hiyo ioshwe, imenywe, ipikwe. Ubaya wake ni wa sura, nayo haistahili kutupwa.

Jambo la kuhofiwa zaidi ni dawa inayotumiwa kiholela kuwaua minyoo hao. Baadhi ya viuatilifu vinavyowekwa udongoni hufyonzwa na mizizi, vikapanda hadi ndani ya tunda. Sumu iliyomo ndani ya tunda haiondoki kwa kuosha ganda. Mwezi Julai 1985, katika jimbo la California nchini Marekani, watu zaidi ya 1,000 waliripotiwa kuugua baada ya kula matikiti yaliyokuwa na aldikabu. Dawa hiyo iliruhusiwa kwa baadhi ya mazao, dhidi ya wadudu na minyoo wa mizizi, lakini haikuruhusiwa kwa matikiti.

Kwa hiyo tunasisitiza: asinunue mtu kiuatilifu kilichomiminwa katika chupa ya maji au kufungwa kwenye mfuko usio na kibandiko. Kibandiko ndicho kinachotaja zao linaloruhusiwa, kipimo, na siku za kusubiri kabla ya kuvuna. Dawa isiyotaja zao lako si dawa ya zao lako, hata kama muuzaji ataisifu vipi.

Njia iliyo nafuu ni kumzuia adui asiingie, na mlango wake mkubwa ni miche. Unaponunua miche kitaluni, omba kung'oa mmoja na kuitazama mizizi yake. Mizizi mizuri ni myeupe na laini kama nyuzi. Ukiona mafundo, acha miche yote ya kitalu hicho, kwa kuwa mche mmoja mgonjwa hupeleka minyoo katika bustani itakayokaa nao kwa miaka. Lakini mizizi ambayo bado haina mafundo si uthibitisho kamili. Muulize pia muuzaji udongo wa kitalu ulitoka wapi.

Tahadhari moja ni ya lazima. Maharage na kunde huwa na vinundu vya heri, vyenye bakteria wanaourutubisha mmea. Hivyo hushikilia ubavuni mwa mzizi na hubanduka kwa urahisi ukivisugua kwa kidole. Vikikatwa, aghalabu ndani huwa na rangi ya waridi. Fundo la minyoo ni mzizi wenyewe uliovimba, wala halibanduki.

Unaponunua mbegu za nyanya, soma pakiti. Katika orodha ya magonjwa yanayohimiliwa, herufi N aghalabu humaanisha minyoo wa mizizi. Hata hivyo, kinga hiyo hupungua udongo unapozidi nyuzi joto 28. Basi tandaza nyasi kavu kuupoza.

Ikiwa bustani imekwisha kuvamiwa, ng'oa mizizi yote baada ya kuvuna na uichome. Usiirudishe kwenye mboji. Usipande nyanya juu ya nyanya. Panda marejea kwa msimu mmoja, au, wakati wa jua kali, lowesha udongo na uufunike kwa nailoni angavu kwa wiki nne hadi sita. Safisha jembe kabla ya kulihamishia kwenye tuta jingine. Hatua hizi haziwamalizi minyoo wote, lakini huwapunguza kiasi cha mmea kuweza kuzaa.

Wahenga walisema, mdharau mwiba mguu huota tende. Mizizi nayo huvimba kwa kudharauliwa. Kuikagua kabla ya kulipa hakugharimu hata senti moja, na hilo ndilo ombi letu kwenu leo.