Filamu Huru, Huru kwa Nani? Kazi ya Judy Kibinge

Mwaka 1999 Judy Kibinge alikuwa na cheo ambacho wengi mjini Nairobi wangeking'ang'ania: mkurugenzi wa ubunifu katika kampuni ya matangazo ya McCann-Erickson. Akakiacha, akaingia kwenye filamu. Chuo cha uongozaji hakuwa amekipitia. Alichojua kuhusu kamera alikijulia kwenye matangazo ya biashara, ambako kila sekunde ina mwenyewe anayeilipia.

Mhadhara huu unamfuata kwa sababu kazi yake inafichua jambo ambalo darasani hupitwa haraka: uhuru wa mtayarishaji huanzia kwenye bajeti, kabla ya muswada.

Mwaka 2002 alitoa Dangerous Affair, iliyotayarishwa na Njeri Karago wa Baraka Films. Ni hadithi ya vijana wa ofisini Nairobi, mapenzi yao na usaliti wao. Leo haimshangazi mtu. Wakati ule, hata hivyo, fedha nyingi za filamu nchini Kenya zilitoka kwa wafadhili waliotaka visa vya UKIMWI, mitaa ya mabanda na ukeketaji. Mkenya mwenye gari, mshahara na mchepuko hakuwa na nafasi katika fomu zao. Kumweka mbele ya kamera kulikuwa msimamo, ingawa filamu yenyewe ilikuja ikicheka. Mwaka 2004 ikafuata Project Daddy.

Filamu kama hizo hazilipi kodi ya nyumba. Kibinge alitengeneza pia filamu za kuagizwa na wateja, aina ya kazi ambayo wanafunzi wa sanaa huikunjia uso. Wasiharakishe. Headlines in History, kuhusu miaka 50 ya Nation Media Group, ni kazi ya mteja, lakini pia ni historia ya Kenya iliyopitishwa kwenye chumba cha habari. Killer Necklace ya 2008 nayo ilipitia mlango wa televisheni, mpango wa M-Net wa waongozaji wapya. Mwaka huohuo alitoa Coming of Age, makala fupi inayowatazama marais Kenyatta, Moi na Kibaki kwa macho ya msichana anayekua.

Ghasia za baada ya uchaguzi wa 2007, zilizoua watu zaidi ya 1,100, zilimrudisha kwenye filamu ndefu. Something Necessary ya 2013, iliyotengenezwa na One Fine Day Films ya Tom Tykwer, Mjerumani, inamfuata muuguzi Anne anayejenga upya boma lake, na Joseph, kijana aliyekuwa katika genge lililomvamia. Uamuzi mgumu unamhusu Joseph: kumpa mvamizi muda wa kutosha mbele ya kamera hadi mtazamaji aone aibu yake, bila kumfutia kosa.

Scarred: The Anatomy of a Massacre, ya 2015, ilikwenda mbali zaidi: uwanja wa ndege wa Wagalla, Wajir, ambako Februari 1984 wanajeshi waliwakusanya wanaume wa ukoo wa Degodia na kuwaua. Serikali ilitaja watu 57. Manusura wanazungumzia maelfu. Ni kampuni gani ya biashara ingeweka nembo yake juu ya filamu kama hiyo?

Kufikia hapo Kibinge alikuwa ameshachukua hatua ambayo, kwa maoni ya mhadhara huu, inazipita filamu zake zote. Mwaka 2013 alianzisha Docubox, mfuko wa filamu za makala wa Afrika Mashariki, akahama kutoka foleni ya waombaji hadi meza ya watoaji. Waongozaji waliosaidiwa hawakulazimishwa mada. Philippa Ndisi-Herrmann alikwenda Lamu kupiga picha za bandari mpya, akasilimu, na New Moon ikawa filamu ya imani yake. Fomu ya kawaida ya mfadhili ingemrudisha bandarini. Sam Soko alimfuata mwanaharakati Boniface Mwangi hadi kwenye kampeni ya ubunge. Filamu yake, Softie, ikapata tuzo ya uhariri katika tamasha la Sundance mwaka 2020. Maia Lekow na Christopher King walitoa The Letter, kuhusu wazee wa Pwani wanaotuhumiwa uchawi huku mashamba yao yakimezewa mate na jamaa, na Kenya ikaiwasilisha kwenye Oscar.