Soko ni watu, si majengo

Leo tunawaletea habari ya soko la asubuhi la Wajima, mji wa wavuvi huko Japani. Kwa vizazi vingi akina mama waliuza pale samaki wabichi na wakavu, mboga na vyombo vya mbao. Tarehe 1 Januari 2024 tetemeko la ardhi liliupiga mji, kisha moto ukateketeza majengo yapata 240. Wauzaji walitawanyika.

Je, soko lilikufa? Hapana. Tarehe 23 Machi 2024 walipanga meza zao tena Kanazawa, mji mwingine, chini ya ushirika wao ule ule. Wanunuzi wakajaa.

Tunajua tetemeko si vita. Kwetu, aliyehama na mwenyeji huogopana. Kwa hiyo tunawasihi viongozi wa masoko: mama aliyehama na fungu lake la sombe apewe nafasi, wala asitozwe kuliko jirani yake. Nanyi mliohama, undeni ushirika pamoja na wenyeji. Wanaouziana kila siku huanza kusalimiana.

Amani iwe nanyi.